Reli Ipitayo Mlangoni Petu

Hotuba iliyotolewa mbele ya wanaharakati wa mageuzi na waumini wa Changamwe, Likoni na Kisauni



Tumeombwa tuzungumze juu ya reli ya kisasa, ile ambayo wengi wetu tunaiita SGR. Huenda mtu akauliza: mawakili wana nini na reli? Si kazi ya wahandisi hiyo? Jibu letu ni fupi. Kabla ya taruma la kwanza kulazwa, na kabla ya tingatinga la kwanza kuingia shambani mwa mtu, palikuwa na karatasi zilizotiwa saini. Mizigo itakayobebwa, deni litakalolipwa, na mahakama itakayoamua ugomvi ukizuka, yote hayo yaliandikwa katika karatasi hizo. Kusoma karatasi ndiyo kazi yetu. Nanyi mna haki ya kujua zilisema nini, kwa sababu ziliandikwa kwa jina lenu.

Reli si kitu kigeni kwetu. Mwaka 1896 Waingereza walianza kulaza reli ya kwanza kutoka Mombasa. Ilifika Nairobi mwaka 1899, na mwishoni mwa mwaka 1901 ikafika ufukoni mwa Ziwa Victoria, mahali ambapo leo ni Kisumu. Vibarua wapatao 32,000 waliletwa kutoka Bara Hindi, na takriban 2,500 kati yao wakapoteza maisha. Uamuzi ulikatwa London, na wenyeji ambao reli ilipita katika ardhi yao hawakuulizwa. Mkoloni hakujidai kutuuliza, kwa hiyo hilo halitushangazi. Swali linalotusumbua ni jingine: baada ya uhuru wa 1963, na baada ya Katiba ya 2010 ambayo watu wengi walipigwa na kufungwa kwa ajili yake, je, mara hii ya pili tuliulizwa?

Tutazame tarehe. Makubaliano ya awali na kampuni ya China Road and Bridge Corporation yalifanywa mwaka 2009. Mkataba wa ujenzi ulitiwa saini Julai 2012. Kamati za Bunge zilianza kulichunguza jambo hili mwanzoni mwa mwaka 2014, zaidi ya mwaka mmoja baada ya saini hiyo. Mkataba wa mkopo na Benki ya Exim ya China ulitiwa saini Mei 2014, na tarehe 31 Mei 2017 treni ya abiria ikazinduliwa. Mpangilio huo wenyewe unatoa ushahidi. Wawakilishi wetu waliuliza maswali wakati mkono wa serikali ulikuwa umekwisha kufungwa. Kumwuliza mwenye nyumba maoni yake baada ya nyumba kuuzwa si kumshauri, ni kumwarifu.

Gharama ya njia hiyo ya kilomita 472 ilitajwa kuwa shilingi bilioni 327. Karibu sehemu tisa katika kumi zilikuwa mkopo. Sehemu iliyobaki ilitokana na ushuru wa maendeleo ya reli, ambao ulianza mwaka 2013 kwa asilimia 1.5 ya thamani ya bidhaa zinazoingia nchini. Maana yake ni kwamba mama wa Kisauni anunuaye mchele uliotoka ng'ambo ameichangia reli hiyo, hata kama hajapata kuipanda. Yeye ni mwenye mali. Mwenye mali akiuliza habari za mali yake haitwi mchochezi.

Wako waliotangaza kwamba tumepata treni ya mwendo wa kasi. Tuseme kweli bila kudharau. Treni ya abiria ilipangiwa mwendo wa kilomita 120 kwa saa, na ya mizigo kilomita 80. Njia mpya ya mwendo wa kasi, kwa kipimo kinachotumika duniani, huanzia kilomita 250. Japani ilifungua njia ya Tokyo na Osaka mwaka 1964 kwa mwendo wa kilomita 210. Moroko ilifikia kilomita 320 mwaka 2018. Jirani zetu wa Tanzania walianza mwaka 2024 kusafirisha abiria baina ya Dar es Salaam na Dodoma kwa treni ya umeme ya kilomita 160. Yetu ni ya dizeli. Hata hivyo imetufaa: safari ya Nairobi iliyokuwa ya usiku kucha sasa huchukua kama saa tano. Nauli ya daraja la chini, iliyokuwa shilingi 700 mwaka 2017, ilipandishwa hadi shilingi 1,500 Januari 2024, na bado abiria wanaipanda. Tunalokataa ni sifa kupita kiasi, kwa maana kitu kikishapewa jina kubwa kuliko kimo chake, watu huona haya kuuliza bei.

Na palikuwa na njia nyingine ya kufikiria. Mwaka 2013 Benki ya Dunia ilitoa maoni kwamba kuikarabati reli ya zamani kungekuwa na gharama ndogo zaidi kwa mizigo iliyokuwapo. Huenda maoni hayo yalikuwa sahihi, huenda hayakuwa. Sisi si wahandisi, hatutaki kuamua. Tunasema tu kwamba mashauri ya namna hiyo yalistahili kuwekwa mezani mbele ya wananchi kabla ya saini.

Sasa, ndugu, tufike Changamwe yenyewe. Mkopo hulipwa kwa mapato, na reli hupata mapato kwa mizigo. Kwa hiyo Halmashauri ya Bandari ya Kenya ilifungwa na makubaliano na Shirika la Reli: ihakikishe kiasi fulani cha mizigo kinapelekwa kwenye reli kila mwaka, na kikipungua, bandari ilipe upungufu huo. Mkataba huo haukusomwa hadharani Changamwe wala Miritini. Lakini matunda yake tuliyaona. Agosti 2019 ilitolewa amri kwamba mizigo yote iliyokusudiwa Nairobi na bara isafirishwe kwa SGR na kutolewa kwenye forodha ya bandari kavu ya Embakasi.

Hapo ndipo kifungu kilichoandikwa ofisini kilipoingia jikoni mwa mtu. Lori lisipotembea, dereva na utingo hawana mshahara. Fundi wa gereji na muuza magurudumu hawana kazi. Wakala wa forodha hufunga ofisi au huhamia Nairobi. Mama apikaye chakula kando ya barabara hubaki na sufuria yake, na mwenye nyumba hubaki na chumba kitupu. Mwisho wake karani wa shule humrudisha mtoto nyumbani kwa sababu ya karo. Hayo yote yalitoka katika karatasi moja ambayo hakuna hata mmoja wa watu hao aliyepata kuiona. Mwaka 2019 wananchi waliandamana barabarani Mombasa Jumatatu baada ya Jumatatu, na wengine wakaenda mahakamani.

Novemba 2020 Mahakama Kuu ya Mombasa iliamua kwamba amri ile ilikiuka Katiba, kwani watu waliohusika hawakushirikishwa. Hata hivyo mizigo haikurudi siku iliyofuata. Tarehe 13 Septemba 2022 ndipo Rais William Ruto, siku ya kuapishwa kwake, alipotangaza kwamba shughuli za kutoa mizigo zitarudishwa katika bandari ya Mombasa. Mwanasiasa aliyetangaza alipigiwa makofi. Tusisahau kwamba kabla ya makofi hayo palikuwa na wananchi wa kawaida waliotia saini hati za kiapo, wakakaa kwenye mabenchi ya mahakama, wakangoja.

Mahakama haikutupa kila tulichotaka, na ni wajibu wetu kuwaeleza hilo pia. Bwana Okiya Omtatah na Chama cha Mawakili wa Kenya walipinga namna kandarasi ya reli ilivyotolewa bila zabuni ya ushindani. Mahakama Kuu ilitupilia mbali malalamiko yao Novemba 2014. Juni 2020 Mahakama ya Rufaa ikasema kwamba Shirika la Reli halikufuata Kifungu cha 227 cha Katiba, kinachotaka ununuzi wa serikali uwe wa haki, wa wazi na wa ushindani. Kisha Juni 2023 Mahakama ya Juu ikautengua uamuzi huo. Hiyo ndiyo mahakama ya mwisho, nasi tunaiheshimu. Lakini jambo kuruhusiwa na sheria ni kitu kimoja, na jambo kufanywa kwa uwazi ni kitu cha pili. Sheria ikiwa na mlango ambao mradi mkubwa kuliko yote unaweza kupitia bila ushindani, basi kazi yetu ni kwenda Bungeni kudai mlango huo uwekewe mlinzi.

Ushindi mwingine ulikuwa mdogo kwa sura, lakini kwetu una uzito. Mei 2022, hapa hapa Mombasa, Mahakama Kuu iliiagiza serikali kutoa hati za SGR kwa wananchi wawili waliozidai, Bwana Khelef Khalifa na Bi. Wanjiru Gikonyo, kwa kutegemea Kifungu cha 35 kinachompa raia haki ya kupata habari. Novemba mwaka huo serikali mpya ilichapisha mikataba ya mkopo. Ndipo nchi iliposoma kwamba mkopo unatawaliwa na sheria za China, kwamba ugomvi ukitokea utaamuliwa na wapatanishi huko Beijing, na kwamba mkopaji alikubali kutunza siri. Treni ilikuwa imekwisha kwenda na kurudi kwa miaka mitano.

Kuhusu ardhi, waumini mnaikumbuka habari ya Nabothi, mtu aliyekuwa na shamba la mizabibu karibu na jumba la mfalme. Mfalme alilitamani, Nabothi akakataa kuuza urithi wa baba zake, na barua zilizotiwa mhuri wa mfalme zikamletea mauti. Serikali yetu ina mamlaka ya kuchukua ardhi kwa manufaa ya umma, lakini Kifungu cha 40 kinaitaka ilipe fidia ya haki, kamili, bila kuchelewa. Shida yetu Pwani ni kwamba wengi hawana hatimiliki. Wamezikwa babu zao hapo, wamepanda minazi hapo, na kwenye daftari la serikali wanaitwa maskwota. Lishikeni neno hili: kifungu hicho hicho, fungu la nne, kinaruhusu fidia kulipwa hata kwa mkaaji wa nia njema asiye na hati. Tuseme pia ukweli kwamba kuruhusu si kulazimisha. Kwa hiyo haki hiyo hupatikana kwa yule aliyejiandaa mapema: mwenye orodha ya miti yake, picha za nyumba yake, na mashahidi wanaomfahamu.

Haya si mambo yaliyopita. Likoni inakumbuka Aprili 1994, feri ilipozama Mtongwe na zaidi ya watu 270 wakafa maji. Hakuna mtu mwenye akili anayepinga daraja la kuunganisha Likoni na kisiwa, na mkataba wa mkopo wa Japani kwa ajili yake ulitiwa saini mwaka 2019. Pale Dongo Kundu nako kumepangwa eneo maalumu la viwanda. Tunayataka maendeleo hayo. Ndiyo maana tunataka yaanze vyema.

Basi tunawaachia mambo matatu ya kufanya katika jumuiya zenu ndogo, misikiti yenu na vikundi vyenu. La kwanza, kila kata iunde kamati ya watu watano wa kuandika barua za kudai habari chini ya Sheria ya mwaka 2016 ya Kupata Habari. Barua hiyo haihitaji wakili, na afisa wa serikali anapaswa kuijibu ndani ya siku 21. La pili, orodha za wakaaji na mali zao ziandikwe sasa, kabla ya wapimaji kufika na vigingi vyao. La tatu, mkutano wa kutoa maoni ukiitishwa, ulizeni kwanza swali moja: mkataba umetiwa saini, au bado? Wakisema bado, semeni yote mliyo nayo. Wakisema umekwisha, iandikeni tarehe hiyo na kuiweka, maana itahitajika mahakamani.

Dau la mnyonge haliendi joshi, walisema wazee wa Pwani, na likienda joshi ni Mungu alipelekaye. Tunaamini hivyo. Tunaamini pia kwamba wapiga makasia wa dau hilo ni sisi, na kwamba hakuna atakayeturuhusu kulishika kasia tusipolishika wenyewe. Kamati za kwanza na zianze kukutana juma hili.