Mpangaji Aitwapo Mbele ya Baraza la Kodi



Mtu atokaye mashambani kwenda kutafuta kazi Nairobi, Mombasa au Kisumu hapana budi apange chumba. Siku aambiwapo na mwenye nyumba, "Ondoka kesho," mara nyingi hudhani hana la kufanya ila kufunga mizigo yake. Hotuba hii yakusudia kuonyesha kwamba sivyo. Nyumba ikiwa chini ya sheria ya kuzuia kodi, neno la mwenye nyumba peke yake halitoshi kumtoa mtu. Sharti mambo yasikilizwe kwanza, na mpangaji naye apewe nafasi ya kusema.

Sheria za namna hii zilianza kwa shida kubwa. Mwaka 1915, wakati wa Vita Kuu ya Kwanza, mji wa Glasgow katika Scotland ulijaa wafanya kazi wa viwanda vya silaha na meli. Nyumba zilikuwa chache, na kodi zikapandishwa. Wapangaji, wakiongozwa na wanawake kama Bibi Mary Barbour, walikataa kulipa nyongeza. Tarehe 17 Novemba wapangaji 18 waliitwa mahakamani. Maelfu ya watu wakakusanyika nje, na mashtaka yakaachwa. Kabla mwaka haujaisha, Bunge la Uingereza lilipitisha sheria ya kurudisha kodi za nyumba ndogo katika kiasi cha Agosti 1914, na kukataza mpangaji alipaye kodi yake asitolewe ila kwa sababu zilizotajwa.

Kenya nayo ilipata sheria ya kuzuia kodi mwaka 1940, vita vya pili vilipokuwa vimeanza. Iliyofuata baadaye, na ambayo wengi huisikia ikitajwa, ni ile ya 1959, iliyohusu nyumba za kukaa watu na kuweka Baraza la kuamua magomvi ya kodi. Sheria hiyo yataja "kodi ya kiwango", yaani kodi ambayo nyumba haipasi kuizidi mpaka iongezwe kwa njia ya halali. Marekebisho ya baadaye yaliipima kodi hiyo kwa ile iliyokuwa ikilipwa tarehe 1 Januari 1981, na kuweka mpaka wa shilingi 2,500 kwa mwezi. Nyumba ambayo kodi yake ya kiwango ilizidi hapo haikupata kinga hiyo. Kwa hiyo la kwanza kuulizwa ni hili: je, nyumba hii imo ndani ya sheria?

Ikiwa imo, mwenye nyumba hana budi kuonyesha sababu ambayo sheria yaikubali. Huenda mpangaji hakulipa kodi; au ameiharibu nyumba; au amekuwa udhia kwa majirani; au amempangisha mwingine bila ruhusa; au mwenye nyumba aihitaji kweli kwa kukaa mwenyewe. Hata sababu ikithibitika, Baraza huangalia kama ni haki kutoa amri hiyo.

Mathalani, mtu amepanga vyumba viwili. Mwenye nyumba ataka nyongeza, naye akataa. Baada ya siku chache apewa ilani ya kuhama, kisha ashtakiwa kwamba hakulipa kodi ya miezi mitatu. Akiwa na risiti za miezi hiyo, huziweka mezani, na madai hayo hayana mguu wa kusimamia. Asipokuwa nazo, ni neno lake dhidi ya neno la mwenzake. Wahenga walisema, mali bila daftari hupotea bila habari.

Wako pia wenye nyumba wakataao kupokea kodi makusudi, ili deni lionekane. Mpangaji wa namna hiyo na aitoe kodi mbele ya mashahidi, aiandike tarehe, na fedha zile azihifadhi wala asizile, ili aweze kuzitoa atakapoulizwa. Na kama kweli anadaiwa, asijifiche. Baraza lina uwezo wa kuahirisha amri na kumwacha alipe kwa mafungu. Lakini asiyefika siku aliyoitwa huweza kuamuliwa asipokuwapo, na hapo majuto huwa mjukuu.

Mwenye nyumba naye ana haki zake. Pengine alijenga kwa akiba ya miaka mingi, na kodi hiyo ndiyo karo ya watoto wake. Sheria haikumnyima mali yake. Ilimwonyesha mlango wa kuingilia. Ajapo na sababu ya kweli, atasikilizwa. Ila akimfungia mpangaji nje, akang'oa mlango, akaezua mabati, au akamsumbua makusudi ili ahame, ameuacha mlango huo, na aliyekuwa mdai huweza kuwa mshtakiwa. Vivyo hivyo atakaye kilemba ili atoe ufunguo, ataka jambo ambalo sheria hiyo ililikataza.

Basi mpangaji apewapo ilani, asikimbie wala asipigane. Na asome tarehe yake, akusanye risiti, aendelee kulipa kodi iliyo halali, kisha afike mbele ya Baraza siku ile ile aliyoitwa.