Sikio la Jaji: Albamu ya 2 Live Crew Mbele ya Sheria

Albamu ya As Nasty As They Wanna Be, iliyotolewa mwaka 1989 na kundi la 2 Live Crew la Miami, hutajwa zaidi kama kisa cha uhuru wa kusema, ilhali suala zito iliyoliibua ni la ushahidi: nani ana ujuzi wa kutamka kwamba kazi fulani haina thamani ya kisanaa, na atathibitishaje? Muziki wake ni wa mtindo uitwao besi ya Miami, ambao mdundo wake mzito hutoka katika mashine ya ngoma ya Roland TR-808, na juu ya mdundo huo vilipachikwa vipande vilivyonyofolewa kutoka rekodi na filamu za wengine, pamoja na maneno ya ngono yasiyositiriwa kwa fumbo lolote.

Tangu hukumu ya Miller dhidi ya California ya mwaka 1973, kazi huhesabiwa kuwa chafu, yaani isiyolindwa na Katiba ya Marekani, pale tu inapoamsha ashiki kwa vipimo vya jamii ya mahali husika, inapoeleza ngono kwa namna ya kuchukiza waziwazi, na inapokosa thamani ya maana ya kifasihi, kisanaa, kisiasa au kisayansi, yote matatu kwa pamoja. Tarehe 6 Juni 1990 Jaji Jose Gonzalez wa mahakama ya shirikisho huko Florida aliona kwamba yote yametimia, ingawa upande wa Nick Navarro, sherifu wa Kaunti ya Broward, haukuleta mtaalamu yeyote bali kanda ya albamu tu, na jaji akatosheka na sikio lake. Oktoba mwaka huohuo, katika kaunti hiyohiyo, jopo moja la wananchi lilimtia hatiani mwenye duka aliyeiuza albamu, na kabla ya mwezi kwisha jopo jingine likawaachia huru wanamuziki walioziimba nyimbo zake jukwaani.

Profesa Henry Louis Gates, shahidi wa utetezi katika kesi hiyo ya pili, aliyahusisha maneno ya nyimbo hizo na mapokeo ya Wamarekani Weusi ya kuchezea lugha kwa chuku na dhihaka, jambo ambalo Mswahili atalielewa upesi akiukumbuka utani, ambamo tusi halipimwi nje ya uhusiano wa wanaotupiana. Hoja hiyo ina nguvu, lakini mtani hujibu, na wanawake wanaotajwa katika nyimbo hizi hawapewi nafasi ya kujibu. Mwanasheria Kimberlé Crenshaw aliliona pengo hilo mapema: aliyashuku mashtaka kwa jinsi yalivyowaandama wanamuziki Weusi, na bado akakataa dhihaka igeuzwe ngao ya kuwadhalilisha wanawake Weusi.

Mwezi Mei 1992 mahakama ya rufaa iliitengua hukumu ya Gonzalez, kwa kuwa kanda peke yake haikutosha kuthibitisha ukosefu wa sanaa. Urithi mkubwa zaidi, hata hivyo, ulitoka katika toleo lililosafishwa, As Clean As They Wanna Be, ambalo hakuna aliyelishtaki kwa uchafu. Lilishtakiwa kwa kuuigiza kwa mzaha wimbo wa Roy Orbison, na mwaka 1994 Mahakama ya Juu ya Marekani, kwa kauli moja, iliamua kwamba mwigo wa dhihaka, hata ukiuzwa kwa faida, waweza kuwa matumizi halali ya kazi ya mwingine, na kwamba ladha yake, iwe nzuri au mbaya, si kazi ya mahakama kuionja.