MEYA, MTUNGA SHERIA NA MSHAIRI: HABARI ZA SHEIKH KALUTA AMRI ABEDI

(Mazungumzo yaliyosomwa mbele ya wanachama, Ringwani)



Mmetutaka tuseme juu ya mtu aliyeshika kiti cha meya wa mji na tena akawa mtunga sheria. Yamkini wengine wenu mlitazamia habari za Ufaransa, kwa maana huko jambo hili lilizoeleka sana. Bwana Pierre Mauroy, msoshalisti, alikuwa Meya wa Lille tangu 1973 hata 2001, na ndani ya miaka hiyo alikuwa mbunge, Waziri Mkuu, kisha seneta. Ndipo Wafaransa wakachoka, wakatunga sheria iliyoanza kuwashika wabunge wao mwaka 1917+100, yaani 2017, ya kwamba mtu asiwe mbunge na meya kwa wakati mmoja. Lakini kwa nini twende mbali kutafuta maji, na kisima kipo uani? Sisi tumemchagua mtu wa kwetu.

Sheikh Kaluta Amri Abedi alizaliwa Ujiji mwaka 1924. Alisoma Tabora, katika shule ile ile aliyosoma Mwalimu Nyerere, mtoto wa Butiama, jirani yetu. Akaingia katika jamaa ya Waislamu wa Ahmadiyya, akawa mmoja wa waliosaidia kazi ya tafsiri yao ya Kurani kwa Kiswahili, iliyotoka mwaka 1953. Na baadaye akaenda Rabwah, Pakistan, kuongeza elimu ya dini. Ahmadiyya ni watu wachache, na Waislamu wengine wengi hawakubaliani nao. Twataja neno hili si kwa ajili ya mabishano ya dini, ambayo si kazi ya chama chetu, bali mpate kuona kwamba mtu huyu hakupandishwa na wingi wa watu wa dhehebu lake.

Mwaka 1954, ndio mwaka TANU ilipozaliwa, alitoa kitabu chake, Sheria za Kutunga Mashairi na Diwani ya Amri. Humo alieleza vina na mizani kwa utaratibu ambao hata karani asiyejua kutunga ataufuata kama afuatavyo kanuni za kupanga majalada. Huenda mtasema, mashairi yana nini na siasa? Subirini kidogo.

Dar es Salaam ya siku hizo ilikuwa imegawanyika kwa rangi. Wazungu walikaa Oyster Bay kwenye upepo wa bahari, Wahindi mjini kati, Waafrika Kariakoo na Ilala. Katika mji huo, mwaka 1960, Sheikh Amri aliwekwa kuwa Meya, Mwafrika wa kwanza kukalia kiti kile. Kazi ya meya si ya amri nyingi. Huongoza kikao, hupokea wageni, huvaa mkufu. Walakini mkufu huo shingoni mwa mtu wa Ujiji, katika baraza ambalo lilikuwa limezoea kuongozwa na wengine, ulisema mambo ambayo hotuba kumi zisingeyasema. Agosti ya mwaka huo huo TANU ilipata viti 70 katika 71 vya Baraza la Kutunga Sheria, na tarehe 10 Desemba 1961, kesho yake baada ya Uhuru, Dar es Salaam ikapewa cheo cha jiji.

Baada ya Uhuru alitumwa kuwa Mkuu wa Jimbo la Magharibi. Mwaka 1963 Chifu Abdallah Fundikira alipotoka Serikalini, Sheikh Amri, aliyekuwa sasa katika Bunge, akapewa Wizara ya Sheria. Hapa ndugu zetu tunaomba mtege masikio, kwa sababu ndipo habari zake zinapofika mpaka hapa Ringwani.

Kabla ya hapo mahakama za wenyeji zilikuwa chini ya machifu na watawala. Mtu yule yule aliyekutoza kodi aliweza kukuhukumu. Sheria ya Mahakama za Mahakimu ya mwaka 1963 iliziondoa, ikaweka Mahakama za Mwanzo chini ya hakimu, na lugha yake Kiswahili. Mama wa Kingoreme aliyedaiwa ng'ombe wa mahari aliweza sasa kusikia neno lililoandikwa juu yake. Lakini sheria haina maneno ya kutosha mpaka mtu ayatafute, na mshairi aliyezoea kupima kila silabi alifaa kwa kazi hiyo kuliko wanasheria wengi. Sisi twaona hivyo, na asiyekubali atujibu wakati wa maswali.

Tusimsifu kupita kiasi. Mwaka huo huo Serikali ilitangaza pia kanuni za sheria za mila, na ndani yake mwanamke hakuruhusiwa kuuza ardhi ya ukoo. Kanuni hiyo ilidumu pasipo kuguswa hata mwaka 1990, Jaji Mwalusanya wa Mahakama Kuu, Mwanza, alipoamua katika shauri la Ephrahim na Pastory kwamba inapingana na haki za binadamu zilizomo katika Katiba. Basi kuisikia sheria kwa lugha yako ni jambo moja, na sheria kukutendea haki ni jambo jingine.

Mwaka 1964 akahamishiwa Wizara ya Maendeleo na Utamaduni wa Taifa. Hakukaa. Mwezi Oktoba alifariki Ujerumani ya Magharibi, umri wake miaka 40 tu. Hakuliona Azimio la Arusha, lililotangazwa Februari 1967. Walakini katika mji huo wa Arusha uwanja wa mpira unaitwa kwa jina lake, na vijana wengi huingia kutazama mchezo pasipo kujua Sheikh huyo alikuwa nani.

Mahakama za juu ziliendelea kuandika kwa Kiingereza. Sheria ya kukifanya Kiswahili kuwa lugha ya sheria na ya mahakama zote, Kiingereza kikibaki kwa haja maalumu, ilipitishwa mwaka 2021, miaka 57 baada ya kufa kwake. Ndugu zetu makarani wa mahakama walioko hapa ndio wanaojua ni majalada mangapi ya Kiingereza yangali rafuni, nasi twawaachia wao nafasi ya kuendelea.