Baada ya Siku 106: Habari za Gaetano Kagwa, Mtangazaji wa Redio

(Mazungumzo yaliyotolewa kwa viongozi wa vikundi vya kujisaidia)



Mmetuomba tuzungumze juu ya jambo ambalo limeleta mvutano katika vikundi kadhaa. Vijana wanaomba mkopo wa kikundi ili waende mjini kujaribu bahati katika mashindano ya televisheni. Wazee wanasema huo ni upuuzi. Vijana nao wanasema wanafungiwa mlango. Sisi hatukuja kuamua kesi. Tumeona afadhali tuwasimulie habari za mtu mmoja ambaye alipita njia hiyo, halafu mkate shauri wenyewe.

Mtu huyo ni Gaetano Kagwa wa Uganda. Mwaka 2003 alikuwa kijana wa Kampala aliyesomea sheria. Mwaka huo kampuni ya televisheni ya M-Net ya Afrika Kusini ilianzisha Big Brother Africa. Kwa wale ambao hawakuona, mchezo wenyewe ulikuwa hivi: watu 12 kutoka nchi 12 za Afrika, Kenya ikiwemo, walifungiwa ndani ya nyumba moja huko Johannesburg. Hakuna gazeti, hakuna simu, hakuna kutoka. Kamera ziliwafuata mchana na usiku, hata bafuni. Watazamaji walipiga kura kwa simu, na mmoja mmoja akawa anatolewa. Mchezo ulianza tarehe 25 Mei ukaisha tarehe 7 Septemba, yaani siku 106.

Maneno yalikuwa mengi sana. Wazazi walikasirika, viongozi wa dini walikemea. Mambo ya bafuni na ya kitandani kuonyeshwa hadharani, nani angekubali mtoto wake aangalie? Huko Malawi, Bunge lilipitisha mwezi Agosti kwamba kipindi kisionyeshwe tena katika televisheni ya taifa, na baadaye mahakama ikakirudisha. Gaetano mwenyewe alisemwa sana kwa ajili ya urafiki wake na msichana wa Afrika Kusini aliyekuwa naye ndani ya nyumba. Hata sisi tuna maoni yetu juu ya hayo, lakini leo tuyaache kando.

Jambo la ajabu ni kwamba kabla mchezo haujafika katikati, Gaetano alipelekwa Uingereza kwa siku chache. Huko kulikuwa na nyumba nyingine kama hiyo, na wenye mchezo walibadilishana watu: Gaetano akaenda kule, na Mwingereza aitwaye Cameron Stout akaja Johannesburg. Basi jina la Gaetano likajulikana hata ng'ambo.

Sasa sikilizeni vizuri, hasa vijana. Gaetano hakushinda. Zawadi ya dola 100,000 ilichukuliwa na Cherise Makubale, dada wa kutoka Zambia. Wale wengine 11 walirudi makwao na majina yao tu. Na jina, jamani, halilipi karo. Linang'aa wakati watu bado wanazungumza, halafu mwaka unaofuata wanazungumza juu ya mwingine. Big Brother Africa ilirudiwa hadi mwaka 2014, ambapo Idris Sultan wa Tanzania alishinda mara ya mwisho. Ilikuwa misimu 9 kwa jumla. Hesabuni ni washiriki wangapi waliopita katika nyumba ile, halafu mwambiane ni wangapi mnaoweza kuwataja kwa majina. Tumejaribu hesabu hiyo na vikundi viwili, na hakuna aliyefika watano.

Gaetano alilifanyia nini jina lake? Alilipeleka kwenye redio. Alikuja hapa kwetu Nairobi akawa mtangazaji wa asubuhi wa Capital FM, na baadaye akatangaza kwa miaka mingi katika Capital FM ya Kampala. Hizo ni stesheni mbili tofauti, msichanganye. Ile ya Kampala ilianza mwaka 1993, na ya Nairobi mwaka 1996, wakati serikali zilipoanza kuachia watu binafsi mawimbi ya redio. Pia aliigiza katika mchezo wa televisheni wa Kenya uitwao Changes.

Watu hufikiri kutangaza ni kupiga domo na kucheza muziki. Hebu tuseme ukweli. Kipindi cha asubuhi maana yake ni kuamka watu wengine wakiwa bado wamelala. Ni lazima uwe umesoma magazeti kabla ya msikilizaji. Tangazo la biashara lina sekunde zake, na habari zina dakika yake, saa haikungoji. Mtu akipiga simu amekasirika, humkatizi ovyo, wala humwachii atukane jirani yake hewani. Na ukiumwa kichwa, msikilizaji hajui na hataki kujua. Kesho yake unaanza tena. Ndani ya ile nyumba ya Johannesburg kazi ya Gaetano ilikuwa kuangaliwa. Katika redio ilibidi asikilize watu, tena hapa Nairobi akiwa mgeni ambaye hakukulia katika mitaa wanayoizungumzia. Kamera ilimfungulia mlango, hilo hatukatai. Lakini kamera haikumwamsha alfajiri.

Mwaka 2019 mambo yaligeuka. Yalipofanyika mashindano ya East Africa's Got Talent, Gaetano alikuwa mmoja wa waamuzi wanne, pamoja na Jeff Koinange wetu. Walioshinda walikuwa watoto wawili wa Uganda, Esther na Ezekiel Mutesasira, ndugu wa tumbo moja, waimbaji. Yule aliyepigiwa kura miaka 16 nyuma sasa ndiye aliyekaa kitini akihukumu.

Turudi kwa ule mkopo. Nauli ya kwenda mjini, chakula, nguo mpya, na mahali pa kulala: hizo pesa hazirudi kama hukuchaguliwa, na wanaokwenda kujaribu ni maelfu. Katiba nyingi za vikundi tulizosoma zinasema mkopo ni wa kitu kitakachozaa. Wekahazina, msiogope kumuuliza kijana atalipaje. Lakini wazee nao wasiseme kwamba kuzungumza si kazi. Huko Nthongoni, upande wa Kibwezi, vikundi vya akina mama vilianzisha redio yao wenyewe, Mang'elete, ambayo iliingia hewani mwaka 2004 kwa Kikamba. Vikundi vyenyewe vilikuwa kama hivi vyenu, vya kuweka akiba na kupanda miti. Vijana wa pale walijifunza kutangaza bila kulala Nairobi hata usiku mmoja.

Sisi tungependa kila kikundi kimtafute kijana wake mwenye ulimi mzuri, kimpe kazi ya kusoma kumbukumbu za mkutano kwa sauti na kuwahoji wazee juu ya mambo ya zamani, kwa miezi sita hivi. Kama amechoka mwezi wa pili, mtajua. Kama hajachoka, mje ofisini tuandike barua pamoja kwa redio ya jamii iliyo karibu.

Tumebakiwa na muda wa maswali. Tuanze na yule kijana aliyeinua mkono tangu tulipotaja mkopo.