Sauti Iliyoajiriwa: Mwimbaji wa Dansi katika Iringa ya Tancut Almasi



Maisha ya mwimbaji wa dansi wa zama za disko aghalabu husimuliwa kwa jicho la jukwaa peke yake, kana kwamba mtu huyo alizaliwa taa zilipowashwa na kutoweka zilipozimwa; nami jioni hii naomba idhini ya hadhara hii nimtazame kwa jicho la daftari la mishahara, maana naamini kwa dhati kwamba pasipo daftari lile sauti zilizoupa mji huu wa Iringa sifa katika nchi nzima zisingalisikika, na kwamba ndani ya daftari lile lile ndimo haki ya wenye sauti ilimopotelea.

Tancut Almasi Orchestra ilikuwa bendi ya kiwanda. Almasi zilichimbwa Mwadui, Shinyanga, zikachongwa hapa Iringa na kampuni ya umma. Na katika miaka ya 1980 kampuni hiyo, pamoja na mashine zake za kuchongea, ilimiliki magitaa, tumba na vipaza sauti, ikaajiri wanamuziki. Ndiyo iliyokuwa desturi ya wakati ule: kiwanda cha nguo cha Urafiki kilikuwa na Urafiki Jazz, Shirika la Bima lilikuwa na Bima Lee, na chama cha wafanyakazi kilikuwa na JUWATA Jazz. Mbele ya jukwaa la Tancut walisimama ndugu wawili pacha waliotoka Kongo, Kasaloo Kyanga na Kyanga Songa, na miongoni mwa wapiga magitaa alikuwamo John Kitime, ambaye baadaye amekuwa mwandishi hodari wa historia ya muziki wetu. Asikilizaye "Nimemkaribisha Nyoka" au "Masafa Marefu" atatambua kwamba sauti za pacha wale zilifuatana kwa namna ambayo mazoezi peke yake hayawezi kuileta. Zilitoka katika tumbo moja, na sikio hulijua jambo hilo kabla akili haijaambiwa.

Tuvuke bahari kidogo, maana huko kuna kisa kinachotufaa. Kundi la Boney M., lililoundwa Ujerumani Magharibi mwaka 1976, lilipendwa sana hapa kwetu, na albamu yake ya Krismasi iliyotoka mwaka 1981 hupigwa mpaka leo kila ifikapo Desemba. Mwanamume aliyekuwa akirukaruka mbele ya kundi hilo, Bobby Farrell, mzaliwa wa Aruba, alistaajabisha ulimwengu kwa uchezaji wake. Lakini sauti nzito ya kiume iliyosikika katika santuri ilikuwa ya mtayarishaji wao, Frank Farian, aliyeimba studioni. Mwili ulikuwa wa mmoja na sauti ya mwingine. Simtaji Farrell kwa kumdharau, kwani kucheza nako ni sanaa, na alikufa kazini, akiwa safarini kwa maonyesho huko Saint Petersburg, mwaka 2010. Namtaja kwa sababu mwimbaji wa Iringa hakuwa na wa kumkopesha sauti. Aliimba mbele ya watu waliolipa kiingilio, katika baridi ya Juni ambayo wenyeji wa Mbeya na Iringa hawana haja ya kuelezwa. Na alipokwenda Redio Tanzania Dar es Salaam kurekodi, aliimba pamoja na wapiga vyombo wote kwa mara moja, akikosea yeye wote wakarudia.

Disko lilipoingia mijini likaja na mashine mbili za santuri na mtu mmoja wa kuziendesha, na mchana wa sikukuu watoto wakapelekwa disko toto. Bendi yenye watu kumi na zaidi wa kulishwa ikalazimika kushindana na gharama ndogo kiasi hicho. Bendi ya kiwanda ilistahimili maadamu kiwanda kilistahimili. Vyombo vilikuwa mali ya mwajiri, hata jina la bendi lilikuwa la mwajiri. Mwanamuziki aliyehama aliondoka na koo lake na vidole vyake, basi. Redio, ambayo Tanzania Bara ilikuwa moja tu mpaka miaka ya 1990, ilihifadhi kanda na kuzirusha mpaka vijiji vya Makete na Rungwe, na mwimbaji akajulikana na watu ambao hakupata senti kutoka kwao. Sheria ya hakimiliki iliyoleta COSOTA, taasisi ya kusimamia hakimiliki, ilipitishwa mwaka 1999, baada ya mashirika mengi ya umma kubinafsishwa au kufungwa, na bendi zao kusambaratika.

Kwa hiyo nawaomba wanafunzi wa historia wa chuo hiki jambo moja mahsusi. Tuna tasnifu juu ya chai, juu ya pareto, juu ya reli ya TAZARA iliyokabidhiwa mwaka 1976; haya yote ni historia ya kazi. Mtendeeni mwimbaji insafu hiyo hiyo. Waendeeni wachongaji wa zamani wa almasi, makarani wa mishahara na madereva waliobeba vyombo, hapa Iringa na huko Mbeya, muwaulize mwimbaji alilipwa nini, aliandikwa kwa cheo gani, na siku kiwanda kiliposimama alikabidhiwa nini mkononi.