Mafuta ya Kahawia na Saa ya Kwanza ya Mtoto Mchanga: Mada kwa Wauguzi na Wakunga wa Mkoa wa Tanga



Waandaaji wameniomba nizungumzie mafuta ya kahawia na afya ya binadamu. Nawashukuru kwa heshima hiyo. Mada ni pana na nimepewa dakika 40 kabla ya chai, kwa hiyo yale mnayoyajua nitayapita haraka, nikae pale panaponiuma: mtoto anayepoa ndani ya saa moja ya kuzaliwa, hapahapa Tanga penye joto.

1. Maana na utendaji

Mafuta ya mwilini ni ya aina mbili kubwa. Meupe ni akiba, na ndiyo yanayotukaa tumboni na kiunoni. Ya kahawia kazi yake ni kuchoma ili mwili upate joto. Rangi yake inatokana na mitokondria nyingi zenye madini ya chuma. Msomi wa Uswisi, Conrad Gessner, aliyaandika mwaka 1551 baada ya kuyaona kwa mnyama wa milimani anayelala majira yote ya baridi. Kazi yake hasa ilikuja kueleweka miaka ya 1960, watafiti walipoonyesha kwamba ndiyo yanayompasha joto sungura mchanga.

Ngozi ikihisi baridi, ubongo hupeleka amri kwa mishipa ya fahamu, noradrenalini ikamwagika kwenye mafuta hayo, nayo yakaanza kuungua. Katika seli nyingine, chakula kinachochomwa hutoa ATP, yaani nishati ya kufanyia kazi. Katika mafuta ya kahawia kuna protini iitwayo UCP1 inayofungua njia ya mkato, nishati ikatoka ikiwa joto. Waliokulia kwenye mashamba ya mkonge watanielewa nikisema ni kama kuuvua mkanda wa mashine ya kusindika: injini inanguruma na kupata moto, lakini singa haitoki hata moja. Joto hilo huchukuliwa na damu inayopita hapo na kusambazwa mwilini. Kwa mtoto mchanga mafuta haya yapo katikati ya mabega, shingoni, kwapani, kando ya uti wa mgongo na kuzunguka figo.

2. Watu wazima

Sehemu hii naileta kwa sababu imo kwenye barua ya mwaliko. Mwaka 2009 makundi matatu ya watafiti yalichapisha ushahidi kwamba hata watu wazima wanayo, zaidi wembamba na wenye umri mdogo. Mwaka 2021 watafiti wa New York walitoa matokeo ya picha za wagonjwa zaidi ya 52,000: walioonekana kuwa na mafuta ya kahawia walikuwa na kisukari cha aina ya pili kwa asilimia 4.6, na wasioonekana kuwa nayo asilimia 9.5. Huo ni uhusiano. Hautoshi kusema kwamba mafuta hayo ndiyo yaliyowakinga. Naomba basi asitokee mmoja wetu akamwambia mgonjwa wa kisukari aoge maji ya barafu aache dawa. Kisukari kina kliniki zake na wataalamu wake, na baadhi yao wamo ukumbini humu.

3. Mtoto anayepoa kimya

Sasa naomba mnisikilize kwa makini.

Utafiti wa kitaifa wa afya ya uzazi na mtoto wa 2015-16 ulionyesha vifo 67 vya watoto wa chini ya miaka mitano kwa kila vizazi hai 1,000. Ule wa 2022 ulionyesha 43. Ni hatua kubwa, na wengi mlio hapa mmeitolea jasho. Lakini vifo vya siku 28 za mwanzo vilitoka 25 vikafika 24. Katika kipindi hichohicho wanaojifungulia vituoni walipanda kutoka asilimia 63 hadi 81. Mama tumemleta kituoni. Mtoto tunampokeaje?

Joto la Tanga linatudanganya. Mtoto ametoka kwenye maji yenye nyuzi 37 na kidogo, amelowa, kichwa chake ni kikubwa kuliko kilivyo cha mtu mzima kwa kulinganisha na mwili, na ngozi yake ni nyembamba. Shirika la Afya Duniani linaeleza kwamba mtoto mchanga aliye uchi kwenye chumba cha nyuzi 23 anapoteza joto kama mtu mzima aliye uchi kwenye nyuzi sifuri. Asipokaushwa, anaweza kushuka nyuzi 2 hadi 4 katika dakika 10 hadi 20. Nyuzi 23 ni usiku wa kawaida wa Julai hapa mjini, kusi likivuma. Lushoto, Bumbuli na Mlalo sizungumzii; huko hata mkunga mwenyewe yuko ndani ya sweta.

Na mtoto mchanga hatetemeki. Wewe na mimi tukipigwa na baridi meno yanagongana, aliye karibu anaona na kutuletea shuka. Yeye anategemea mafuta ya kahawia tu, nayo yanaungua bila sauti. Aliyetimiza miezi anaweza kuwa nayo hadi karibu asilimia 5 ya uzito wake, maana yake kwa mtoto wa kilo 3 ni kama gramu 150. Njiti ana kidogo sana, kwa kuwa yanaanza kujengeka kuanzia wiki ya 26 hivi na kuendelea kuongezeka hadi mwisho wa mimba. Kuyachoma kunahitaji oksijeni na sukari. Kwa hiyo mtoto anayepambana na baridi anapungukiwa sukari na anahitaji hewa zaidi, na aliyezaliwa amechoka, tuliyempulizia hewa, hana hata oksijeni ya kuwashia moto huo. Huyo ndiye tunayemwacha uchi muda mrefu kuliko wote, kwa sababu mikono yetu iko kwenye mpira wa kupulizia na macho yetu yako kifuani pake.

Jambo la kwanza, nililolipigania kwa zaidi ya miaka 20, ni hili: kipimajoto kinaanza kusema wakati ghala limekwisha tumika. Mtoto anayeonyesha nyuzi 36.4 huenda yumo vitani tangu nusu saa iliyopita. Sisi tunaandika 36.4, tunasema si mbaya, tunaenda kwa mama mwingine. Kuna ubaya zaidi. Kipimajoto cha kioo tulichokizoea kinaanzia nyuzi 35. Vingi vya kidijitali vinaishia 32, na chini ya hapo vinaandika herufi tu. Mtoto wa nyuzi 33 kwenye kipimajoto cha kioo hana namba. Nimeona faili limeandikwa “haipandi”. Nimeona pia mafaili ya usiku mmoja, watoto saba, wote 36.5, mstari kwa mstari kama shanga. Aliyeandika simlaumu. Alikuwa peke yake zamu, umeme umekatika, akina mama wawili wanasukuma, na kipimajoto alichokuwa nacho kisingemwambia ukweli hata angekisubiri. Maombi ya vipimajoto vinavyosoma nyuzi za chini nimeyaandika mara nyingi. Nimejibiwa kwa adabu kila mara, na naheshimu kwamba bajeti ina vipaumbele vyake. Lakini kifaa hiki kinaingia mfukoni, na tunakikosa kwenye vyumba vyenye mashine ambazo hakuna anayejua kuziwasha.

La pili ni feni. Kwenye kituo kimoja nilikofanya kazi, feni ya leba ilikuwa juu kabisa ya kitanda cha kujifungulia. Mkunga anavuja jasho, mama anavuja jasho, feni inazunguka, na mtoto aliyelowa anawekwa chini yake, kisha juu ya mzani wa bati bila kitambaa. Nilizima. Ikawashwa. Nilizima tena, tukakosana na mwenzangu ninayempenda mpaka leo. Alikuwa na haki ya kusikia joto. Kosa ni la aliyechagua pa kuifunga.

La tatu ni kuogesha, na hapa napaswa kuwa mwangalifu kwa sababu linagusa heshima ya watu. Ule utando mweupe wa mtoto, ambao unamlinda, wapo wanaoamini ni uchafu wa tendo la ndoa mimba ikiwa kubwa. Mama anaona haya mtoto akionekana nao, na anatuomba tumsafishe upesi kabla ndugu hawajaingia. Bibi mmoja wa Pangani aliniambia, “Mwanangu, mjukuu wangu hapokelewi na uchafu.” Nilimwamkia upya, shikamoo bibi, nikauweka mkono wake kwenye nyayo za mtoto. Zilikuwa baridi. Nikauweka kwenye tumbo, lilikuwa lingali na joto. Nikamweleza kwamba mjukuu wake anaota moto wake wa ndani, na kuni zake ni chache. Alinyamaza, akavua mtandio wake akamfunika. Tangu siku ile ninafundisha kwa mikono ya bibi kwanza. Nyayo baridi na tumbo la joto: anapigana. Vyote baridi: ameshindwa, mwiteni daktari.

4. Mapendekezo

Baadhi nimekwisha kuyagusa, lakini uzoefu umenifundisha kwamba lisiloandikwa chini ya kichwa hiki haliingii kwenye taarifa.

Mtoto akaushwe mara tu anapotoka, kanga iliyolowa iondolewe, awekwe kifuani mwa mama ngozi kwa ngozi, afunikwe kwa kanga ya pili, avikwe kofia. Kwa hiyo kliniki ya wajawazito isisitize kanga mbili za mtoto peke yake, zisihesabiwe na za mama.

Asiogeshwe kabla ya saa 24. Shirika la Afya Duniani limelisema wazi. Bibi na shangazi waelezwe wakati wa kliniki, mama akiwa bado na mimba. Wakielezewa mlangoni mwa leba wanasikia kama wanafukuzwa.

Huduma ya kangaruu ianze mara moja kwa njiti, hata ambaye hali yake haijatulia. Ilianzia Bogotá mwaka 1978 kwa sababu vitotoleo havikutosha, na wengi wetu bado tunaiona ni huduma ya maskini. Utafiti wa nchi tano uliotolewa mwaka 2021, na Muhimbili ikiwemo, ulihusu watoto wa kilo 1 hadi chini kidogo ya 1.8. Walioanzishwa mara moja walikufa asilimia 12.0 katika siku 28. Waliosubiri mpaka watulie, asilimia 15.7. Ndugu zangu, ushahidi huu umetoka kwa mama zetu wenyewe. Wodi za njiti ziwe na vitanda vya mama, si kiti cha plastiki.

Anayepewa rufaa kutoka Lushoto kushuka Mombo mpaka hospitali ya Bombo asafiri kifuani mwa mama, au mwa ndugu kama mama hajiwezi, na joto lipimwe kabla ya kuondoka na baada ya kufika. Baba anaweza. Kifua cha baba kina joto lilelile.

Mtoto aliyepuliziwa hewa awe na mtu wa pili wa kumfunika. Asipokuwepo mtu wa pili, kofia na kanga kavu ziwekwe tayari kabla ya mama kusukuma.

Mzani utandikwe kitambaa. Feni ihamishwe. Nalirudia: feni ihamishwe.

Na vipimajoto vinavyosoma chini ya 35 vipatikane kwa kila leba ya mkoa huu, vikiwa na jina la wodi, visiazimwe. Ili ombi la safari hii liwe na ushahidi, kabla hamjapanda basi kurudi Mkinga, Handeni, Kilindi na kwingineko, mpigieni simu aliye zamu wodini kwenu, asome namba ndogo kabisa iliyo kwenye kipimajoto anachotumia. Karatasi ya kuandikia iko kwa katibu, mezani karibu na mlango.