Isaac Levitan na Barabara ya Vladimir



Mchoraji ninayemzungumzia jioni hii alifukuzwa Moscow mara mbili kwa sababu alikuwa Myahudi. Hata hivyo, kwa maoni yangu, hakuna aliyewaonyesha Warusi nchi yao kama alivyowaonyesha yeye. Mandhari alizochora Isaac Levitan hazina watu wengi, lakini zimejaa habari za watu.

Alizaliwa mwaka 1860 katika eneo ambalo leo ni Lithuania. Wazazi wakahamia Moscow, naye mwaka 1873 akaingia chuo cha uchoraji, uchongaji na usanifu majengo. Mama akafariki 1875, baba 1877. Chuo kikamsamehe ada kwa ufukara wake na kwa kipaji chake. Mwalimu wake Alexei Savrasov aliwahimiza wanafunzi watoke nje, wakaitazame misitu na mashamba kwa macho yao wenyewe.

Mwaka 1879, baada ya jaribio la kumuua Mfalme Alexander wa Pili, Wayahudi waliamriwa kuondoka Moscow. Levitan akaishi Saltykovka, nje ya jiji. Mwaka huohuo alichora bustani ya Sokolniki wakati wa majani kupukutika: njia kati ya misonobari, na mwanamke aliyevaa nguo nyeusi akitembea peke yake. Mwanamke yule alichorwa na mwanafunzi mwenzake, Nikolai Chekhov, kaka yake mwandishi Anton Chekhov. Pavel Tretyakov, mkusanyaji mkubwa wa sanaa ya Kirusi, akainunua picha hiyo.

Nitakaa zaidi kwenye *Vladimirka*, yaani Barabara ya Vladimir, ya mwaka 1892, kwa sababu ndiyo naiona kazi yake kuu. Ni barabara ya udongo inayoelekea mashariki chini ya mawingu ya kijivu. Inaanzia kwenye ukingo wa chini wa picha, ikiwa pana, kana kwamba mtazamaji amesimama juu yake. Pembeni kuna vijia vilivyokanyagwa hadi nyasi zikaisha. Mbali kabisa, kanisa jeupe. Karibu na nguzo ya njiani yuko mtu mmoja, mdogo mno kiasi kwamba unaweza kumpita usimwone. Basi.

Lakini kila Mrusi wa wakati ule aliijua barabara hiyo. Kwa miaka mingi wafungwa walitembezwa humo kwa miguu, wamefungwa minyororo, kwenda Siberia. Levitan alipoichora, wafungwa walikuwa wakisafirishwa kwa treni. Hakumchora mfungwa, wala askari, wala mnyororo. Aliuachia udongo useme, na vile vijia vikathibitisha ni miguu mingapi ilipita. Mwaka huohuo amri ya kuwafukuza Wayahudi ikamfikia tena, na marafiki wakahangaika hadi akaruhusiwa kurudi. Mwaka 1894 aliitoa picha hiyo kama zawadi kwa jumba la sanaa la Tretyakov.

Wapo wanaomwita mchoraji wa huzuni. Siwaungi mkono. Tazameni *Machi*, ya 1895: theluji inayeyuka, vivuli ni vya buluu, farasi anasubiri nje ya nyumba juani. Hiyo ni furaha tupu, na ilitoka mikononi mwa mtu ambaye mwaka huohuo alijaribu kujiua. Maisha hayaingii kwenye turubai kwa njia nyepesi hivyo.

Mwaka 1898 alianza kufundisha katika chuo kilekile kilichomsamehe ada. Moyo wake ulikuwa mgonjwa tayari, na mwaka 1900 akafariki, hajatimiza miaka 40.

Walimu wenzangu wa sanaa, ombi langu ni moja. Tusiifundishe mandhari kama zoezi la rangi na vipimo peke yake. Mwanafunzi anayetumwa kuchora barabara, kilima au ufuo aanze kwa kuuliza ni nani waliopita hapo, na walipitishwa na nani.